Mkopo wa nyumba ya Bamburi: miaka minne ya kulipa, deni karibu lilelile

Kufikia mwisho wa Desemba 2024, mume na mke wanaoishi Bamburi, Mombasa, walikuwa wameshailipa benki shilingi 2,361,144 kwa mkopo wa nyumba wa shilingi milioni 4. Walipoomba taarifa ya mkopo wakakuta salio ni 3,800,806. Kwa miaka minne, katika kila shilingi 100 waliyolipa, shilingi 8 na senti kidogo ndizo zilizopunguza deni. Zilizobaki zote zilikwenda kwenye riba. Hawakuwahi kuchelewa hata mwezi mmoja, na hawakutozwa faini yoyote. Nililipiga hesabu deni hilo upya tangu mwezi wa kwanza, nikalikuta liko sawa.

Ndiyo sababu nakieleza kisa hiki kwa urefu. Kungekuwa na wizi au kosa la karani, njia ingejulikana: barua ya malalamiko, wakili, mahakama. Hapa kila upande ulifanya ulichoahidi kwenye mkataba, na bado familia yenye mishahara miwili na nidhamu ya kupigiwa mfano ilikuwa ikilipia kitu ambacho haikuwahi kukiona kimeandikwa mahali pamoja. Wenyewe wameniruhusu niandike bila kuwataja, na benki yao nayo siitaji. Mke ni mwalimu wa sekondari, mume ni fundi wa mitambo bandarini. Mimi nimefanya kazi ya mikopo kwenye Sacco kwa miaka mingi, na yule mke huniita mjomba kwa kuwa wazee wetu walikuwa majirani Kisauni.

Walivyoingia

Mwaka 2020 walikuwa wamepanga nyumba ya vyumba viwili vya kulala kwa shilingi 25,000 kwa mwezi. Jengo jipya lililokuwa karibu na hapo lilikuwa likiuza nyumba za ukubwa uleule kwa milioni 5. Wakati ulionekana mzuri. Benki Kuu ya Kenya ilikuwa imeshusha riba yake ya msingi, ile inayoongoza riba za benki nyingine, hadi asilimia 7 mwezi Aprili mwaka huo, corona ilipobana biashara, na benki yao ikawapa mkopo kwa asilimia 12.5, miaka 20, riba ya kubadilika. Walilipa milioni 1 taslimu kama malipo ya awali, benki ikatoa milioni 4. Malipo ya kwanza yakakatwa Januari 2021: shilingi 45,446.

Swali waliloulizana nyumbani lilikuwa moja: tutaweza kutoa elfu arobaini na tano kila mwezi? Mke alikuwa na mshahara wa 78,000 kabla ya makato, mume 70,000. Walikaa na kalamu na karatasi, wakatoa karo, chakula na nauli, wakaona wataweza. Na kweli waliweza. Lakini swali hilo linapima uwezo wa kulipa tu, halisemi nyumba itagharimu kiasi gani. Afisa wa benki naye alilijibu vizuri kwa sababu ndilo aliloulizwa.

Kabla hata ya funguo, pesa nyingine zilitoka. Ushuru wa stempu kwa mji ni asilimia 4 ya thamani, kwa hiyo 200,000. Wakili wao alichukua 116,000 pamoja na VAT. Benki ilitoza ada ya asilimia 1 ya mkopo, 40,000, ikawatoza pia mthamini 20,000 na wakili wa benki 60,000 kwa kuandikisha rehani kwenye hatimiliki, juu yake ushuru wa stempu wa rehani 4,000. Jumla 440,000. Pesa hizo walizitafuta kwa chama na kwa ndugu, na deni la ndugu lilichukua mwaka mzima kwisha.

Jedwali lenyewe

Nilimwambia mke aiombe benki ratiba kamili ya malipo, yenye miezi yote 240. Walikuwa nayo tangu mwanzo, nyuma ya mkataba, kurasa sita za namba ndogo ambazo hakuna aliyezifungua. Mstari wa kwanza unasema hivi: malipo 45,446, riba 41,667, deni lenyewe 3,779, salio 3,996,221.

Alikaa kwenye mstari huo muda mrefu. "Mjomba, hii elfu tatu na mia saba ndiyo yetu?"

Ndiyo. Riba ya mwezi hutozwa kwenye salio lililopo. Salio ni milioni 4, asilimia 12.5 kwa mwaka ni kama asilimia 1.04 kwa mwezi, hiyo ni 41,667. Benki huchukua riba yake kwanza, na kinachobaki ndicho hupunguza deni. Mwezi unaofuata salio limeshuka kidogo, riba nayo inashuka kidogo, na sehemu ya deni inapanda kwa shilingi arobaini hivi. Mwendo huo ni wa kinyonga. Kwenye ratiba hiyo ya mwanzo, sehemu inayopunguza deni ingeanza kuizidi riba karibu na mwezi wa 174, yaani katikati ya mwaka wa 15. Baada ya miaka 10, wakiwa wamelipa takriban milioni 5.45, wangekuwa bado wanadaiwa 3,104,714. Watu wengi hudhani nusu ya muda ni nusu ya deni. Kwa riba za kwetu, nusu ya muda ni robo ya deni, na hata robo haitimii.

Jumla ya malipo yote 240 ni 10,906,951. Ukiongeza milioni 1 ya awali na zile 440,000, inafika milioni 12.35. Bima mbili ambazo benki ililazimisha, ya maisha na ya moto, ni 32,000 kwa mwaka. Ada ya jengo, yaani mlinzi, taka, pampu ya maji na taa za ngazini, ni 5,000 kwa mwezi. Hizo mbili zikibaki palepale kwa miaka 20, jambo ambalo halitatokea, ni milioni 1.84 zaidi. Nyumba iliyotangazwa kwa milioni 5 inagharimu zaidi ya milioni 14, na hapo bado riba haijapanda wala ukuta haujapakwa rangi. Wanaojua Bamburi wanajua upepo wa chumvi unavyokula vyuma vya madirisha; hawa walibadilisha nondo za roshani mwaka wa tatu tu. Maji ya kisima cha jengo yana chumvi, kwa hiyo ya kunywa na kupikia hununuliwa kwa mitungi.

Mchumi atanikatiza hapa, na ana haki. Shilingi ya mwaka 2040 si shilingi ya 2021, na kuzijumlisha kama zina uzito mmoja kunaikuza gharama. Bei nchini zilipanda kwa zaidi ya asilimia 7 mwaka 2022 na tena 2023. Ukiondoa hilo, riba ya kweli ya asilimia 12.5 ilikuwa kama asilimia 5 tu. Nakubali. Lakini hoja hiyo husimama pale mshahara unapopanda sambamba na bei na riba inapobaki palepale. Kwa familia hii mshahara ulisogea kidogo sana, na riba haikutulia.

Barua mbili

Kati ya Mei 2022 na Februari 2024, Benki Kuu ilipandisha riba yake ya msingi kutoka asilimia 7 hadi 13 ili kupambana na mfumuko wa bei na kuilinda shilingi iliyokuwa ikiporomoka mbele ya dola. Sheria iliyowahi kuzibana benki zisitoze zaidi ya asilimia 4 juu ya riba ya msingi, ile ya 2016, ilikuwa imeshafutwa Novemba 2019. Mkataba wa mkopo unasema riba "itabadilika kwa notisi". Notisi zikaja.

Barua ya kwanza ilisema kuanzia Januari 2023 riba ni asilimia 14. Mume alikwenda benki kuomba malipo yabaki 45,446 na muda urefushwe, kama alivyosikia wenzake kazini wakifanyiwa. Aliambiwa haiwezekani, akarudi nyumbani akiamini amedharauliwa. Ukiangalia namba unaona sababu. Baada ya malipo 24, ambayo jumla yake ni 1,090,704, salio lilikuwa 3,897,564. Riba ya mwezi kwa asilimia 14 kwenye salio hilo ni 45,472. Malipo yao ya zamani yalikuwa yamepungukiwa na shilingi 26 kulipa riba peke yake. Hata wangerefushiwa muda mpaka wajukuu wazeeke, deni lingekuwa linakua. Ongezeko la asilimia moja na nusu, ambalo barua ililiweka katika sentensi moja ya kawaida, lilitosha kuufanya mkopo wa miaka 20 usilipike milele kwa malipo yaleyale. Malipo mapya yakawa 49,514.

Kuna jambo hapa linaloniuma kila nikilitazama. Mwaka 2021 wangechukua mkopo uleule kwa miaka 15 badala ya 20, malipo yangekuwa 49,301, yaani 3,855 zaidi kwa mwezi, na jumla ya malipo ingepungua kwa zaidi ya milioni 2. Waliikataa miaka 15 kwa sababu elfu tatu na mia nane ilionekana kubwa. Miaka miwili baadaye walikuwa wakilipa zaidi ya hiyo, na miaka 18 bado iko mbele. Ni kweli kwamba mkopo wa miaka 15 nao ungepandishiwa malipo. Lakini ungepandishwa juu ya deni lililokwisha kuliwa zaidi.

Barua ya pili ilikuja mwanzoni mwa 2024: asilimia 16.5. Malipo yakapanda hadi 56,356, karibu elfu 11 juu ya walipoanzia. Mwaka huo ndio mume alipoanza kuzungumzia mnada. Nilimtuliza kwa sheria kidogo: chini ya Sheria ya Ardhi ya 2012, mkopaji akishindwa kulipa, benki inapaswa kumpa notisi ya miezi mitatu, kisha notisi nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza, na kufanya uthamini ili nyumba isiende kwa bei ya kutupa. Sheria ya Benki, kifungu cha 44A, nayo inazuia riba ya mkopo uliokwama isizidi deni lililokuwepo ulipokwama. Kinga hizo zipo, na kila mkopaji azijue. Ila hawa hawakuwa wamekwama. Walikuwa wanalipa, na ndiyo maana kinga hizo hazikuwahusu.

Kodi ya kupanga ingekuwa nafuu?

Mke aliniuliza hili waziwazi, na jibu langu lilimkasirisha kidogo. Kwa miaka minne ya kwanza, ndiyo. Riba waliyolipa ni kama milioni 2.16. Ongeza gharama za kuingia 440,000, bima 128,000, ada ya jengo 240,000. Hiyo ni karibu milioni 3 ambayo hairudi, sawa kabisa na kodi isivyorudi. Nyumba waliyohama ilipandishwa kodi hadi 28,000 mwaka 2023. Wangebaki pale wangelipa 1,272,000 kwa muda huohuo. Tofauti ni milioni 1.7. Mthamini aliyeitazama nyumba yao mwanzoni mwa 2025 aliikadiria milioni 5.6. Imeongezeka 600,000, na tofauti ile haijafidiwa.

Kule mtaani usemi ni kwamba kodi ni kutupa pesa. Anayesema hivyo hajawahi kuiona safu ya riba. Hata hivyo sikuwaambia wamekosea kununua. Kodi hupanda, mwenye nyumba hukufukuza atakapo, na watoto wao wawili wako shule iliyo mwendo wa dakika kumi kwa miguu. Miaka ikisonga, hesabu inaweza kugeuka. Tatizo lao halikuwa nyumba. Lilikuwa kuuachia mkopo ujiendeshe wenyewe katika miaka ambayo kila shilingi ya ziada ina nguvu kubwa kuliko itakavyokuwa nayo tena.

Laki nne

Desemba 2024 mume alipata sehemu yake ya shamba la urithi lililouzwa Kilifi: 550,000. Mpango wake ulikuwa tuktuk. Nilimwomba anipe siku mbili za kupiga hesabu.

Tuliweka 150,000 pembeni kwa dharura, kwa sababu aliyemwaga pesa yote benki hawezi kwenda kuiomba irudi mtoto akilazwa. Tukabaki na 400,000. Swali likawa: ikiingia kwenye deni Januari 2025, inafanya nini?

Salio linakuwa 3,400,806. Wakiendelea kulipa 56,356 ileile, na riba ikae asilimia 16.5, deni linakwisha ndani ya miezi 130 badala ya 192. Laki nne zinafuta miezi 62. Malipo yasiyolipwa ni zaidi ya milioni 3.5, toa laki nne zenyewe, faida ni kama milioni 3.1. Mume aliichukua kalkuleta yangu akarudia mwenyewe, maana hakuniamini.

Sababu ni ileile ya mstari wa kwanza wa ratiba. Wakati huo malipo yao ya 56,356 yalikuwa yanapunguza deni kwa 4,095 tu kwa mwezi, mengine yote riba. Laki nne zikiondoka kwenye salio, riba ya mwezi inashuka kwa 5,500, na hizo 5,500 zinahamia upande wa deni. Kinachopunguza deni kinaruka kutoka 4,095 hadi 9,595 mwezi uleule wa kwanza.

Lakini kuna mtego, na hapa ndipo nililazimika kumsindikiza benki. Mteja akiingiza pesa ya ziada bila kueleza, mfumo wa benki yao hukokotoa malipo upya huku muda ukibaki uleule. Malipo yangeshuka hadi 50,425. Mtu angefurahi kupata nafuu ya 5,931 kila mwezi, na kwa miezi 192 nafuu hiyo ni 1,138,752. Ukitoa laki nne, amebaki na 740,000 hivi. Pesa ileile, siku ileile, mkopo uleule: milioni 3.1 au 740,000, na kinachoamua ni sentensi moja kwenye barua. Barua yao ilisema: "Tunaomba kiasi hiki kipunguze deni lenyewe, malipo ya mwezi yabaki 56,356, na muda wa mkopo ufupishwe." Tukaomba ratiba mpya yenye muhuri. Ya kwanza ililetwa ikiwa na malipo ya 50,425. Tukairudisha. Ya pili ndiyo iliyokuwa sahihi. Mkataba wao haukuwa na faini ya kulipa mapema, ulitaka notisi ya siku 30 tu. Wapo ambao mkataba wao una faini, nao wapige hesabu pamoja na hiyo.

Je, tuktuk ingelipa zaidi? Huenda. Dereva mwaminifu na barabara nzuri vingeweza kuizidi asilimia 16.5. Lakini tuktuk hugongwa, hukamatwa, hukaa gereji. Kupunguza deni la asilimia 16.5 ni faida ya asilimia 16.5 isiyo na dereva, na isiyokatwa kodi. Mshindani wa kweli aliwahi kuwepo: Februari 2024 serikali iliuza hati fungani ya miundombinu kwa asilimia 18.46, bila kodi. Aliyekuwa na laki nne siku hiyo angefanya vyema kuziweka huko na kuacha deni. Kufikia mwanzo wa 2025 hati za muda mfupi za serikali zilikuwa zimeshuka hadi karibu asilimia 10, na mlango huo ulikuwa umefungwa.

Pesa iliyolala Mamlaka ya Mapato (KRA)

Nilipokuwa nikipekua karatasi zao za mshahara niliona kitu ambacho hakikuwepo. Sheria ya kodi ya mapato ya Kenya humruhusu mtu anayeishi katika nyumba aliyoinunua kwa mkopo wa benki aondoe riba ya mkopo huo kwenye mapato yanayotozwa kodi, wakati huo hadi 300,000 kwa mwaka. Riba yao ya mwaka wa kwanza peke yake ilikuwa kama 497,000, kwa hiyo kiwango chote kilijaa. Kwa mshahara wa mke, ambao sehemu yake ya juu hukatwa asilimia 30, hiyo ni 90,000 kwa mwaka. Miaka minne, 360,000. Hakuwahi kuidai. Hakuna aliyemwambia, wala mwajiri, wala benki, wala yule wakili wa 116,000.

Nimeona hili mara nyingi na bado linanikera. Laki nne walizosubiri shamba liuzwe Kilifi ili wazipate, karibu zote zilikuwa zimekatwa kwenye mshahara wa mama huyu mwezi baada ya mwezi bila ulazima.

Njia si ngumu. Benki hutoa cheti cha riba iliyolipwa kwa mwaka. Ukimpa mwajiri, nafuu inaingia kwenye mshahara wa kila mwezi. Usipompa, unaidai kwenye iTax, mfumo wa mtandaoni wa KRA, unapowasilisha ritani kabla ya Juni 30. Ritani za nyuma zinaweza kurekebishwa ndani ya miaka 5. Yeye alirekebisha za 2021 hadi 2023, na ya 2024 akaiweka sawa tangu mwanzo. Tangu mwishoni mwa Desemba 2024 kiwango kimepandishwa hadi 360,000 kwa mwaka, kwa hiyo mwajiri alipopokea cheti, makato yake ya mwezi yalipungua kwa 9,000. Za nyuma ni suala la subira na ufuatiliaji.

Riba iliyoshuka polepole

Kuanzia Agosti 2024 Benki Kuu ilianza kuteremsha riba yake ya msingi, na kufikia Juni 2025 ilikuwa asilimia 9.75. Mikopo ya watu haikushuka kwa kasi hiyo. Mapema 2025 Benki Kuu yenyewe ilizionya benki hadharani kwamba itakagua na kuadhibu zile zisizowapunguzia wateja. Familia yetu iliandika barua mbili, kila moja ikitaja tarehe ya kila ongezeko walilopewa na tarehe ya kila punguzo la Benki Kuu ambalo hawakupewa. Kuanzia Julai 2025 riba yao ikawa asilimia 15. Benki ikapendekeza kushusha malipo ya mwezi. Wakakataa, kwa maandishi, wakaendelea na 56,356.

Kwa hali hiyo mkopo unakwisha Julai 2034 badala ya Desemba 2040. Jumla ya watakachokuwa wamelipa, pamoja na laki nne, ni kama milioni 9.23. Ni chini ya ile milioni 10.9 ya ratiba ya kwanza kabisa, ya asilimia 12.5, japo hawajawahi kuiona tena asilimia 12.5 tangu mwaka 2022.

Hayo yanategemea riba isipande tena, na hakuna anayeweza kuwaahidi hilo. Mwaka 2025 Benki Kuu ilitoa utaratibu mpya ambao riba za mikopo ya kubadilika zinafungwa na kiwango kimoja cha rejea kinachotokana na mikopo ya siku moja kati ya benki zenyewe, kinachoitwa KESONIA, kisha benki huongeza sehemu yake. Faida kwa mkopaji ni kwamba sehemu ya benki inapaswa kuonekana peke yake. Nimewaambia barua inayofuata iulize hiyo sehemu ni asilimia ngapi, na kwa nini.

Walioanza sasa wana njia ambayo hawa hawakuwa nayo. Kampuni ya KMRC, iliyopewa leseni mwaka 2020, huzikopesha benki na Sacco kwa riba ndogo ili nazo zikopeshe wanunuzi kwa chini ya asilimia 10, bila riba kupandapanda. Mwanzoni ukomo wa mkopo huo nje ya eneo la Nairobi ulikuwa milioni 3, kwa hiyo milioni 4 ya Mombasa haikuingia. Baadaye ukomo ulipandishwa. Kwa asilimia 9.5, milioni 4 kwa miaka 20 ni 37,285 kwa mwezi na jumla ya kama milioni 8.95.

Sasa mume na mke wanabishana kuhusu zile 9,000 za nafuu ya kodi. Mke anataka ziongezwe kwenye malipo ya mwezi. Mume anasema mtoto wa kwanza anaingia Gredi ya 10 na karo haitangoja. Wote wawili wana hoja, na uamuzi ni wao. Nilichofanya ni kuwaandikia tarehe mbili kwenye karatasi moja: wakiongeza 9,000, deni linakwisha katikati ya 2032, wasipoongeza, Julai 2034. Wiki iliyopita mke alinipigia kuuliza tarehe ingekuwa lini wakiongeza 4,000 tu.